Bahari iliyomo mguuni

Fundi mmoja wa Mwaloni Kirumba, mzee aliyezeeka na kazi ya kuchomelea vyombo vya majini, alikishika kile kipande cha chuma kwa ncha za vidole, akakisogeza kwenye mwanga wa jua, akakigeuza upande wa pili. Sikuwa nimemwambia ni nini. Alipitisha ukucha kwenye ukingo wa kila tundu, kisha akauliza: "Mwalimu, hiki kilikuwa Tanga au Dar?"

"Hapana, mzee wangu. Kilikuwa mguuni mwangu, miaka mitano."

Akanyamaza kidogo. "Basi mguuni mwako mna bahari," akasema.

Alijua anachokisema. Kabla ya kurudi kwao Mwanza alifanya kazi pwani, na alama alizoziona kwenye pleti yangu, kile kibamba cha chuma kinachofungwa kwa skrubu ili kuunga mfupa, alizifahamu: vishimo vidogo kama vilivyotobolewa kwa sindano, vimejikusanya kuzunguka matundu ya skrubu, pale ambapo vichwa vya skrubu vilikuwa vimekalia. Katikati ya pleti, penye nafasi, chuma kilikuwa kinang'aa kama siku kilipotoka kiwandani. Palipofunikwa ndipo palipoliwa. Kwa maji ya ziwa letu, alisema, stenlesi hailiki hivyo.

Pleti hiyo niliwekewa mwaka 2016 kwenye ugoko wa kulia, baada ya bodaboda niliyopanda kugongwa tukitokea Igoma. Mfupa uliunga vizuri, nikarudi darasani, nikasahau. Mwaka wa nne mguu ukaanza kuuma usiku. Ngozi iliyofunika pleti ikawa na joto, ikavimba, ikatulia, ikavimba tena. Mwaka 2021 nikapasuliwa ili itolewe, na daktari akaniambia kwamba nyama iliyokuwa imegusana nayo imeingia rangi ya kahawia, kama kitambaa cheupe kilichofutiwa kutu.

Mimi ni mwalimu wa kemia. Kwa miaka mingi nimesimama mbele ya kidato cha tatu na kusema stenlesi ni chuma kisichoshika kutu, nikaandika ubaoni, nikafuta, nikaendelea na mada nyingine. Sasa nafundisha tofauti, na ninaandika haya kwa sababu jambo hili linawagusa watu wengi kuliko darasa langu. Ukisimama nje ya wodi ya mifupa ya hospitali yoyote kubwa Kanda ya Ziwa, utaona vijana wenye magongo, wenye hogo, wenye ile fremu ya vyuma vinavyotokeza nje ya ngozi ambayo mtaani huitwa antena. Mwaka 2010 madaktari wa hospitali ya Bugando walichapisha utafiti wao kuhusu majeruhi wa pikipiki jijini Mwanza, wakiwaita tatizo linalochipuka. Tangu wakati huo pikipiki hazijapungua barabarani. Watu wanaotembea na chuma ndani ya miili yao wamekuwa majirani zetu wa kawaida, na wengi wao hawajui ni chuma gani.

Hoja yangu ni hii: tumehangaika sana kumfikishia mgonjwa chuma, na ni haki tuhangaike, lakini ngozi ikishashonwa hatukifuatilii tena. Tunakichukulia kama jiwe lililotupwa ziwani. Chuma ndani ya mwili hakitulii hivyo. Kinaliwa, kinasuguliwa, kinachoka, na vipande vyake visivyoonekana husafiri.

Tuanze na maji. Ziwa Victoria ni la maji baridi, chumvi yake ni kidogo mno hata ulimi hauioni. Ndiyo maana MV Victoria, iliyoanza kazi ziwani 1961, iliweza kufanyiwa matengenezo makubwa na kurudi majini 2020 ikiwa na bodi yake ya chuma. Sasa chukua ile chupa ya dripu ya chumvi inayotundikwa juu ya kitanda cha mgonjwa. Ina gramu 9 za chumvi katika kila lita, kiasi kilichopangwa kiendane na damu yetu. Maji ya bahari yana gramu 35 hivi. Kwa hiyo mtu aliyezaliwa Sengerema, asiyewahi kuuona mwambao wa Bahari ya Hindi, ana ndani yake maji yenye robo ya chumvi ya bahari, tena yenye joto la nyuzi 37 mchana na usiku, mwaka mzima. Maji hayo yana oksijeni, yana protini, na panapotokea jeraha au usaha huegemea upande wa asidi. Mzee wa Mwaloni hakuwa anasema kwa mafumbo.

Stenlesi inayowekwa mwilini huitwa 316L. Sehemu yake kubwa ni chuma cha kawaida kabisa, kile kile cha jembe na msumari. Ndani yake imechanganywa kromiamu asilimia 16 hadi 18, nikeli asilimia 10 hadi 14, na molibdenamu asilimia 2 hadi 3, huku kaboni ikipunguzwa isizidi asilimia 0.03. Kinachoilinda isiliwe ni ngozi yake. Kromiamu ikikutana na oksijeni hutengeneza utando mwembamba mno, wa nanomita chache, yaani sehemu chache za milimita iliyogawanywa mara milioni moja. Utando huo ukikwaruzwa hujiziba wenyewe ndani ya muda mfupi kuliko kupepesa jicho, alimradi oksijeni ipo.

Sharti hilo la oksijeni ndilo lililoniponza. Chini ya kichwa cha skrubu, kati yake na pleti, kuna upenyo ambao maji ya mwili huingia lakini hayazunguki. Oksijeni iliyomo hutumika, ikaisha. Utando ukichubuka pale hauna cha kujijenga nacho. Metali huanza kuyeyuka kidogo kidogo, na ayoni zake, yaani chembe zenye chaji ya umeme, zikikutana na maji huzalisha asidi. Hali hiyo huvuta ayoni za kloridi, zile zilizomo kwenye chumvi, kutoka nje ziingie upenyoni. Kloridi nazo hutoboa utando uliobaki. Kila hatua huikaribisha inayofuata. Pembeni kidogo, penye hewa, chuma kinang'aa, na mtu akiangalia eksirei haoni chochote. Ni chovya chovya iliyomaliza buyu la asali.

Ongeza hapo mwendo. Kila unapokanyaga, pleti na skrubu husogeleana kwa kiasi ambacho jicho halikioni. Msogeo huo unatosha kuchubua utando. Ukijiziba, hatua inayofuata inauchubua tena. Mtu anayetembea kwa kawaida hukanyaga mguu mmoja takriban mara milioni moja kwa mwaka. Ndiyo hesabu wanayotumia hata wahandisi wanapojaribu nyonga bandia kwenye mashine zao. Maji ya chumvi peke yake yana njia yake ya kula metali, msuguano peke yake una njia yake, lakini vikiungana vinakula zaidi ya jumla ya viwili hivyo. Nimewahi kusikia mtu akisema chuma chake hakiwezi kuharibika kwa sababu "kimelala tu". Hakuna kilicholala ndani ya mguu unaotembea.

Kuna kosa jingine ambalo mafundi wa meli wanalijua kuliko watu wengine wote. Ukiunganisha metali mbili tofauti ndani ya maji yenye chumvi, umetengeneza betri, na moja kati ya hizo mbili italiwa ili nyingine isalimike. Kwenye meli kosa hili hugeuzwa kuwa dawa: bodi hufungiwa vipande vya zinki ili viliwe vyenyewe, vikiisha vinabadilishwa. Mwilini hakuna wa kubadilisha. Mwaka 1907 daktari wa Ubelgiji, Albin Lambotte, alifunga mguu uliovunjika kwa pleti ya magnesiamu akitumia misumari ya chuma cha pua (chuma kigumu cha kawaida, si stenlesi) iliyopakwa dhahabu. Pleti ilisambaratika kwa siku 8 na kuacha gesi nyingi chini ya ngozi. Leo watafiti wameirudia magnesiamu kwa makusudi, wakitaka skrubu inayoyeyuka polepole mfupa unapokomaa ili pasihitajike upasuaji wa pili. Lakini kwa pleti za kawaida kanuni ni ile ile: skrubu iwe ya metali ya pleti. Kanuni hiyo inafuatwa tu pale anayechukua skrubu kwenye trei anapojua ametwaa nini. Skrubu zote hung'aa sawasawa.

Mwishoni mwa karne ya 19 William Arbuthnot Lane aliunga mifupa jijini London kwa pleti ambazo baadaye zilishika kutu. Mwaka 1912 William Sherman wa Marekani akaja na pleti za chuma cha pua chenye vanadiamu, imara zaidi, na bado zikaliwa. Miaka ya 1930 ndipo mchanganyiko wa kobalti na kromiamu ulipoonyesha kwamba metali inaweza kukaa mwilini kwa utulivu, na katikati ya karne titaniamu ikafuata. Kila hatua ilitokana na mtu aliyekitazama chuma kilichotoka mwilini akauliza kwa nini kimekuwa hivi. Hapo ndipo ninapoumia, maana sisi chuma kikitoka tunakitupa.

Niseme kitu kuhusu kuchoka, kwa sababu ndicho kinachowavunja vijana wetu wa bodaboda kuliko kutu. Pleti haiwekwi ili ibebe uzito wa mtu maisha yake yote. Ni mkongojo wa ndani. Inashindana na muda: mfupa uunge kabla metali haijachoka. Ukikunja waya mara moja haukatiki. Ukikunja na kukunjua mara mia unakatika hata kama nguvu ni ndogo. Kijana anayeruhusiwa kukanyaga kidogo kidogo, akaamua kurudi kwenye pikipiki mwezi wa pili kwa sababu marejesho ya kila siku yanadaiwa, anaikunja pleti maelfu ya mara mfupa ukiwa bado laini. Pale penye kishimo cha kutu ndipo ufa huanzia. Akirudi hospitali na pleti iliyokatika vipande viwili, ndugu husema kawekewa chuma feki. Pengine ni kweli. Pengine ni mfupa uliochelewa kuunga kwa usaha. Pengine alitembea mapema. Pleti iliyokatika ingeweza kujibu, kwa sababu sura ya mpasuko hueleza namna metali ilivyokatika, na mhandisi mwenye darubini anaweza kuisoma. Ikiingia kwenye ndoo ya taka, ugomvi unabaki wa maneno.

Na kwa sababu hiyo hiyo chuma kilichotoka kwa mtu mmoja hakifai kuwekwa kwa mwingine, hata kikichemshwa na kung'arishwa. Mama mmoja aliwahi kuniuliza kama pleti ya mwanawe mkubwa, iliyotolewa "nzima kabisa", ingemfaa mdogo wake ili kupunguza gharama. Nilimwelewa. Lakini uchovu wa metali hauonekani kwa macho, na kuchemsha kunaua vijidudu tu. Hakurudishi maisha ya chuma yaliyokwisha kutumika.

Sasa viungo bandia, ambako jambo hili limegharimu watu wengi zaidi duniani. Mama yangu mkubwa, anayeishi Magu, nyonga yake imesagika na ameambiwa atahitaji kuwekewa nyingine. Aliponiuliza ni kitu gani hasa kitakachoingia mwilini mwake, niliona ni deni kumjibu sawasawa.

Mwaka 1958 daktari John Charnley, wa hospitali ya Wrightington huko Uingereza, alianza kuwawekea wagonjwa kikombe cha nyonga cha Teflon, ile ile ya vikaango. Alitaka kitu kinachoteleza. Aliwawekea takriban wagonjwa 300, wakafurahi, na ndani ya miaka michache vikombe vikawa vimesagika vibaya, huku unga wake ukiwa umejaza nyama za nyonga. Charnley alijipandikizia vipande vya plastiki kwenye paja lake mwenyewe ili aone mwili unavyoipokea. Teflon ikamsababishia uvimbe. Mwaka 1962 mfanyabiashara mmoja alileta plastiki nyingine, polithini ngumu yenye molekuli ndefu mno. Charnley aliikwaruza kwa ukucha, haikumvutia. Fundi wake wa karakana, Harry Craven, aliiweka kwenye mashine ya kusugua hata hivyo, akaiacha izunguke wiki baada ya wiki. Ilisagika kidogo kuliko Teflon ilivyosagika kwa siku moja. Novemba 1962 ikawekwa kwa mgonjwa, na vizazi vya plastiki hiyo ndivyo vilivyomo katika mamilioni ya nyonga na magoti bandia leo. Huwa namfikiria Craven ninapomwona mzee wa Mwaloni akipitisha ukucha kwenye tundu la skrubu.

Hata hivyo polithini nayo husagika. Ile ya zamani ilipoteza karibu milimita 0.1 kwa mwaka, na hiyo si kazi ndogo: mtu akitembea, nyonga hubeba zaidi ya mara mbili ya uzito wa mwili wake. Kila hatua huacha chembe kwa mamia ya maelfu, nyingi ndogo kuliko bakteria. Seli za ulinzi hukimbilia kuzimeza. Zinashindwa kuziyeyusha. Zikishindwa hutoa ishara za kuita msaada, na ishara hizo huamsha seli zinazokula mfupa. Mfupa unaoishikilia nyonga hupungua, nyonga inalegea, bila usaha wala kidudu chochote. Mgonjwa aliyetembea vizuri miaka kumi na miwili anaanza kusikia maumivu ya paja anapoinuka kitini, na anadhani ni uzee. Tangu mwishoni mwa miaka ya 1990 polithini inayopigwa mionzi ili molekuli zake zishikamane imepunguza sana usagikaji huu. Ndiyo niliyomwambia mama mkubwa aiulizie.

Kwa kuiogopa plastiki, wengine walirudi kwenye chuma juu ya chuma: mpira wa kobalti na kromiamu ndani ya kikombe cha kobalti na kromiamu. Mashine za majaribio zilisema zinasagika kidogo sana, na kwa ujazo ilikuwa kweli. Lakini chembe zilikuwa ndogo zaidi na nyingi zaidi, na kobalti ikayeyuka hadi kwenye damu. Baadhi ya wagonjwa walivimba nyonga, misuli ikafa. Wachache walipata madhara ya moyo, masikio na macho. Agosti 2010 kampuni ya DePuy iliondoa sokoni nyonga zake za ASR, zilizokuwa zimewekwa kwa watu wapatao 93,000 duniani. Takwimu za Uingereza zilionyesha kwamba katika kila wagonjwa 100, kati ya 12 na 13 walikuwa wamehitaji kupasuliwa upya ndani ya miaka 5.

Takwimu hizo zilitoka kwenye daftari. Uingereza na Wales wana daftari la taifa la viungo bandia tangu 2003: kila nyonga inayowekwa huandikwa aina, namba, tarehe, hospitali, ikitolewa huandikwa tena. Australia walikuwa na lao tangu 1999, na lilikuwa limeitilia shaka nyonga hiyo miaka kadhaa kabla. Wasweden walianza na magoti mwaka 1975, wakaongeza nyonga 1979. Daktari mmoja hospitalini kwake angeona nyonga moja imelegea, akadhani ni bahati mbaya. Mwingine mji wa pili, vivyo hivyo. Ni daftari lililoziweka bahati mbaya zote hizo kwenye ukurasa mmoja, zikaonekana kuwa kitu kimoja.

Nirudi kwenye mguu wangu. Mwaka 2021 daktari aliyetaka kunitolea pleti aliniuliza swali jepesi: skrubu zako zina vichwa vya aina gani? Zipo zenye tundu la pembe sita, zipo za umbo la nyota, na kila moja ina ukubwa wake. Bisibisi isipolingana inakwangua tundu na skrubu haitoki tena kwa amani. Sikujua. Hospitali iliyonipasua mara ya kwanza haikuweza kulipata jalada langu, na kwenye karatasi ya ruhusa niliyotunza kulikuwa na maneno matatu tu: chuma, mguu, kulia. Basi daktari aliingia chumba cha upasuaji na vifaa vya kubahatisha. Kazi ya saa moja ikawa ya saa tatu. Skrubu mbili ziligoma, moja ikakatika na nusu yake ikabaki mfupani.

Pleti ilipooshwa, ilikuwa na herufi na tarakimu zilizochorwa kwa ustadi: namba ya toleo lake. Kiwanda kilitimiza wajibu wake wa kuandika. Kilichokosekana ni mahali pa kuipeleka namba hiyo, kitabu kinachosema pleti ya namba hii aliwekewa nani, lini, na nani mwingine aliwekewa ya toleo lile lile. Mzee wa Mwaloni aliipitishia sumaku, haikunata, na hilo linaonyesha haikuwa chuma cha hovyo kabisa. Lakini sumaku haitofautishi 316 na 304, ndugu yake wa masufuria asiye na molibdenamu. Kama vile vishimo vilitokana na metali isiyofaa, au na skrubu zilizochanganywa, au na usaha uliotulia kimyakimya, sitajua. Na kama kuna mwenzangu Geita au Bunda mwenye pleti ya toleo lile lile na maumivu yale yale, hatutakutana.

Rafiki yangu mmoja ambaye ni daktari alinijibu kwa ukali nilipomweleza haya. "Kaka, usiku wa Jumamosi napokea majeruhi, mifupa iko nje, familia inachangishana simu kwa simu. Unataka nikae nijaze madaftari?" Sikumbeza. Anafanya kazi ambayo mimi siiwezi. Nasema tu kwamba kuna daftari ambalo tayari linajazwa katika mazingira hayo hayo. Shirika la SIGN, lililoanzishwa mwaka 1999 huko Richland, Marekani, na daktari Lewis Zirkle, hutoa misumari ya stenlesi ya kuunga mfupa wa paja na muundi kwa hospitali za nchi zisizo na uwezo mkubwa, Tanzania ikiwamo. Msumari huo uliundwa uweze kuwekwa bila mashine ya eksirei ndani ya chumba cha upasuaji. Daktari huingiza taarifa za mgonjwa na picha za eksirei kwenye hifadhidata ya shirika, na taarifa hizo ndizo zinazoleta misumari mingine. Huandiki, hupati. Madaktari wale wale, wenye usiku ule ule wa Jumamosi, wanaandika, kwa sababu kuandika kumefungwa pamoja na kupata.

Kwa hiyo nakataa kwamba sisi hatuwezi. Tangu 2019 mamlaka yetu ya dawa inabeba vifaa tiba hadi kwenye jina lake, TMDA, na ina ofisi ya kanda hapa hapa Mwanza. Bohari ya Dawa inajua inachonunua. Bugando, juu ya kile kilima kinachoonekana karibu kila upande wa jiji, ni hospitali ya rufaa ya kanda nzima. Vyuma vilivyowekwa wilayani vikiharibika, vingi huishia huko. Ningeanzia hapo, na mambo mawili tu. La kwanza, mgonjwa asitoke wodini bila kadi yenye jina la metali, mtengenezaji, namba ya toleo, idadi na aina ya skrubu, na tarehe. La pili, chuma kilichotolewa kwa sababu kimevunjika au kimeleta maumivu kisitupwe. Kioshwe, kifungwe, kiandikwe, kikaangaliwe. Tuna vyuo vya ufundi vyenye watu wanaojua metali. Darubini moja na mtu mmoja mwenye uvumilivu wangeanza kutuambia mengi ndani ya mwaka.

Kadi hiyo ingefaa pia kwa mambo madogo ambayo mgonjwa hukwama nayo. Akipelekwa kipimo cha MRI, kinachotumia sumaku kali, muulizaji anataka kujua ni metali gani. Mwenye ngozi inayowashwa na hereni au saa zenye nikeli angejua kuuliza kabla ya kupewa 316L, ambayo nikeli yake si kidogo, akawekewa titaniamu panapowezekana. Titaniamu nayo ina tabia zake: utando wake hauogopi chumvi kama wa stenlesi, lakini haivumilii kusuguliwa, na ndiyo maana hutaiona ikitumika kama mpira wa nyonga, tena skrubu zake huweza kung'ang'ania pleti kana kwamba zimechomelewa. Hakuna metali isiyo na aibu yake. Kujua jina lake ni kujua itakuaibisha wapi.

Sitaki mtu asome haya akakimbilia hospitali kutaka atolewe chuma. Wapo wazee Ukerewe na Musoma wenye pleti za miongo mingi ambazo hazijawahi kuwasumbua, na upasuaji wa kutoa una hatari zake. Kinachostahili kuangaliwa ni maumivu mapya mahali palipokuwa pametulia, uvimbe unaokuja na kuondoka, joto, usaha, au kiungo bandia kinachoanza kulegea na kulia. Hayo yasisubiri.

Mama mkubwa atapasuliwa baada ya mavuno. Nimemwandikia maswali kwenye karatasi kwa herufi kubwa, naye ameikunja ndani ya kitenge pamoja na kadi yake ya bima. Na mimi nimejitengenezea ya kwangu, nikaitia plastiki kule Makoroboi wanakolaminisha vitambulisho. Imeandikwa: nusu skrubu, ugoko wa kulia, tangu 2016. Kwenye mstari wa aina ya metali nimeacha wazi.